Evelyn Preer Hakuwa "wa Kwanza" Tu

Miaka ya 1970, katika hifadhi ya filamu ya Uhispania kule Madrid, ilipatikana nakala ya filamu iliyoitwa La Negra. Yaani Mwanamke Mweusi, basi. Jina halikukuambia ni mwanamke yupi wala katoka wapi. Kumbe ilikuwa Within Our Gates, sinema bubu ya Oscar Micheaux iliyoonyeshwa Chicago Januari 1920, ambayo Wamarekani walishaihesabu kuwa imepotea. Nakala moja tu. Maktaba ya Bunge la Marekani ikaikarabati na kuirudisha kwa watazamaji mwaka 1993. Shida ni kwamba kadi zile za maandishi zinazotokea katikati ya picha zilikuwa za Kihispania, isipokuwa nne tu zilizobaki na Kiingereza chake cha asili. Ikabidi nyingine zote zitafsiriwe upya, zirudi zilikotoka. Kwa hivyo maneno tunayosoma leo yamevuka bahari mara mbili. Uso wa yule mwanamke haukutafsiriwa. Mwanamke mwenyewe ni Evelyn Preer.

Ukisoma chochote kumhusu, sentensi ya kwanza itakuwa na neno "wa kwanza". Nyota wa filamu ya kwanza ndefu kuongozwa na Mmarekani mweusi. Miongoni mwa watu weusi wa kwanza kusikika wakiongea kwenye sinema ya sauti. Magazeti ya watu weusi enzi zake yalimwita mwanamke wa kwanza wa skrini, kama vile mke wa rais anavyoitwa. Yote ni kweli, na yote yananichosha. "Wa kwanza" ni sifa ya kalenda. Mtu anaweza kuwa wa kwanza na awe mbovu kabisa, na sisi tukaendelea kumpigia makofi kwa kuwa alifika mapema. Swali langu ni lile ambalo tungemuuliza mwigizaji yeyote wa leo bila haya: alikuwa mzuri? Na kama alikuwa mzuri, uzuri wenyewe ulikaa wapi?

Alizaliwa Evelyn Jarvis mwaka 1896, Vicksburg, jimbo la Mississippi. Baba akafa angali mdogo, mama akamchukua wakahamia Chicago, safari ambayo watu weusi kwa maelfu walikuwa wakiifanya kutoka kusini miaka hiyo na iliyofuata. Mama alikuwa mlokole hasa, na inasimuliwa kwamba binti alisimama kwenye kona za barabara akihubiri ili kumsaidia mama achangishe pesa za kujenga kanisa. Mtu yeyote aliyewahi kupita Jeevanjee saa saba mchana anaijua kazi hiyo. Watu wana njaa, wana haraka, wana dakika arobaini kabla ya kurudi ofisini, na wewe unataka wasimame. Ukipayuka tu, wanakupita. Wanaosimamisha watu ni wale wanaojua kushusha sauti, wakanyamaza kidogo, wakamtazama mtu mmoja machoni kama vile neno lile limekuja kwa ajili yake. Baadaye alizunguka na vikundi vya maonyesho ya vichekesho na nyimbo, lakini mimi shule yake naiona pale kwenye kona.

Naiona kwa sababu Sylvia Landry, mhusika wake katika Within Our Gates, anafanya kazi ileile. Sylvia ni mwalimu. Shule ya Piney Woods kule kusini imejaa watoto weusi kupita uwezo wake; filamu inatuambia serikali ya jimbo inatoa dola 1.49 kwa mwaka kwa kila mtoto mweusi. Shule inahitaji dola 5,000 la sivyo ifungwe. Sylvia anapanda gari moshi kwenda Boston kuomba. Hiyo ndiyo hadithi, ukiitoa mikanganyiko yote ambayo Micheaux hakuweza kujizuia kuirundika: mchumba mwenye wivu, binamu msaliti, mcheza kamari, mwizi wa mkoba, daktari mpole anayeusaka ule mkoba. Micheaux alikuwa mwandishi wa riwaya kabla ya kushika kamera, tena riwaya aliyokuwa akiiuza mwenyewe nyumba kwa nyumba, na alidhani filamu moja inaweza kubeba riwaya tatu.

Katikati ya vurugu hiyo, Preer anafanya jambo ambalo wenzake wengi hawafanyi. Anatulia. Tazama waigizaji wengine wa filamu hiyo. Mikono inapepea, macho yanatoka, kifua kinapanda na kushuka. Hiyo ilikuwa lugha ya kawaida ya jukwaa kubwa, ambako yule wa siti ya nyuma kabisa lazima aelewe kwamba umekasirika. Preer anaonekana ameshaelewa kwamba kamera haikai siti ya nyuma. Kuna usiku pale Piney Woods ambapo Sylvia amelala kitandani macho wazi, usingizi umekataa, anawaza shida ya watu wake. Kwenye karatasi tukio hilo ni hatari sana kwa mwigizaji, maana halina kitendo chochote. Ni mtu na dari. Angeweza kushika kichwa, kugeukageuka, kuinua mikono kwa Mungu. Yeye analala tu, anawaza, na sisi tunajua kabla ya kadi ya maandishi kutokea kwamba kesho asubuhi mtu huyu ataondoka.

Halafu kuna mambo ya Boston. Sylvia anamwokoa mtoto asigongwe na gari, anagongwa yeye, na mwenye gari ni Bi Warwick, mama tajiri mzungu mwenye roho ya kusaidia. Hospitalini Sylvia anamweleza habari za shule. Bi Warwick anaguswa, lakini anaenda kumtaka ushauri rafiki yake Bi Stratton, mzungu wa kusini, ambaye anamwambia asipoteze pesa kuelimisha watu weusi. Ampe tu mhubiri mmoja, Old Ned, dola 100, atawafundisha kutosheka. Filamu inakatiza hapo kutuonyesha huyo Old Ned akihubiri, kisha akiwachekea wazungu wanaompiga teke, kisha akiwa peke yake mlangoni, uso umemshuka, akikiri kwamba ameiuza haki ya watu wake. Ni dakika chache kali kuliko nyingi nilizoziona katika sinema za miaka hiyo, na Preer hayumo. Ila bila yeye zisingekaa. Old Ned ni mhubiri anayechangisha kwa kujidhalilisha. Sylvia naye anachangisha, tena kutoka kwa wazungu walewale, na kazi yote ya mwigizaji ni kutuonyesha tofauti kati ya kuomba na kujidhalilisha bila kuwa na sauti ya kutuambia. Angalia anavyolala kitandani pale hospitalini huku tajiri amekaa kando yake. Yeye ndiye mgonjwa, ndiye maskini, ndiye mwenye shida, na bado haonekani mdogo. Mwishowe Bi Warwick anatoa dola 50,000, mara kumi ya zilizoombwa. Unaamini, ingawa hadithi yenyewe haiaminiki hata kidogo.

Sasa ile sehemu ya mwisho, ambayo ndiyo iliyowatia wakubwa wa Chicago hofu. Julai 1919 jiji hilo lilikuwa limepigana kwa siku kadhaa, weusi na weupe, na watu 38 wakafa. Miezi sita baadaye anatokea Micheaux na filamu inayoonyesha mume na mke weusi wakinyongwa na umati. Bodi ya udhibiti ilikataa kwanza, ubishi ukazuka, ikakubali, na hata hivyo wako waliotaka isionyeshwe, wazungu kwa weusi. Kwingineko ilikatwakatwa, huku kipande hiki, kule kile. Sisi tuliokulia katika nchi ambayo filamu inaweza kupigwa marufuku asubuhi na kila mtu awe nayo kwenye simu jioni tunaweza kucheka, lakini wakati huo ukikata filamu, umekata.

Katika sehemu hiyo tunarudishwa nyuma. Familia ya Landry, iliyomlea Sylvia, ni wakulima wa kulipa kodi kwa mazao. Sylvia amesoma, kwa hivyo ndiye anayeweka hesabu, na baba mlezi anaenda kwa mwenye shamba, Gridlestone, kudai hesabu sahihi. Hebu fikiria hilo kidogo: chanzo cha maafa ni msichana anayejua kujumlisha. Gridlestone anapigwa risasi kupitia dirishani na mzungu maskini aliyemdhulumu, lawama inamwangukia Landry, na umati unatoka kuwinda. Mama na baba wananyongwa, moto unawashwa. Wakati huohuo Sylvia, aliyerudi nyumbani kuchukua chakula, anakutwa na Armand, ndugu wa marehemu, anayetaka kumbaka. Micheaux anachanganya picha: moto, chumba, moto, chumba. Miaka mitano nyuma, mwaka 1915, D. W. Griffith alitumia mbinu hiyohiyo katika The Birth of a Nation kuonyesha wanawake weupe wakihatarishwa na wanaume weusi huku Ku Klux Klan ikija mbio kuokoa. Micheaux ameigeuza kama vile unavyogeuza shati. Kwake hakuna anayekuja mbio. Mwanamke mweusi yuko peke yake chumbani na mwanamume mweupe, na wale wenye farasi na bunduki wako kwingine, wanaua wazazi wake.

Preer anapigana. Sisemi anaigiza kupigana. Kwenye Griffith, msichana anayehatarishwa hukimbia, hupiga mayowe, huzirai, huruka genge. Sylvia anasukuma, anarusha alivyoweza kushika, anazunguka, anajinasua, anashikwa tena, na mchoko unamwingia kidogokidogo hadi mwili wenyewe unaanza kukataa. Tukio ni refu kupita raha ya mtazamaji. Mara ya kwanza nililitazama kwa simu na nikajikuta nimeigeuza simu kidogo upande. Hakuna urembo pale. Nywele zimevurugika, nguo imevutwa, na mwigizaji hajali anaonekanaje, jambo ambalo kwa nyota wa kike wa 1920 halikuwa dogo. Kisha Armand anaona kovu kifuani pake na kugundua kwamba msichana huyu ni binti yake mwenyewe, wa kumzaa. Njama hii ni ya riwaya za senti kumi. Ila umeshaona mapigano. Huwezi tena kuichukua kama mchezo wa bahati, maana unajua ingeishaje kama kovu lisingeonekana.

Hapo ndipo namuweka Preer. Katika filamu zote bubu alizomfanyia Micheaux, hii ndiyo pekee iliyobaki. The Homesteader ya 1919, hiyo filamu ya kwanza inayotajwa kila mahali, imepotea. The Brute, ambamo bondia Sam Langford alionekana, imepotea. The Gunsaulus Mystery, Deceit, Birthright ya 1924, The Conjure Woman, The Spider's Web, zote. Hatuna namna ya kujua kama alikuwa hivyo kila mara au alikuwa hivyo mara moja. Lakini mara moja hiyo ipo, na inatosha kubishana nayo.

Na nina ubishi. Preer alikuwa mweupe-mweupe, au niseme kama tunavyosema mtaani, rangi ya thao. Micheaux alipenda wahusika wakuu wa rangi hiyo. Mashujaa wake na warembo wake wengi ni wale ambao ukipunguza mwanga kidogo huna hakika. Na ukimtafuta mweusi tii katika Within Our Gates, utampata Efrem, mtumishi mmbeya anayewasaliti wenzake na kuchekesha mpaka umati unapomgeukia naye akanyongwa. Alitangaza waigizaji wake kwa vipimo vya Hollywood: mmoja Valentino mweusi, mwingine Mae West wa rangi ya hudhurungi. Watetezi wake wanasema hadithi ya Sylvia inadai rangi hiyo, maana ni mtoto wa mzungu. Sawa, hii. Na zile nyingine? Uzuri wa Preer uliruhusiwa kuonekana kwa sababu ulikaribia uzuri ambao tayari ulikuwa na soko. Sisemi hivyo kumpunguzia. Nasema hivyo kwa sababu tukimsifu kama vile kipaji peke yake kilimfikisha pale, tutakuwa tunawadanganya wasichana ambao bado wanaambiwa kwenye usaili wa matangazo ya Nairobi kwamba "tunatafuta mtu wa mwonekano fulani". Wote tunajua fulani ni yupi.

Umaarufu wake mkubwa zaidi haukuwa kwenye filamu hata hivyo. Ulikuwa jukwaani. Mwaka 1920 alijiunga na Lafayette Players, kundi ambalo Anita Bush alilianzisha Harlem mwaka 1915 na ambalo liliwafanya watu weusi waigize tamthilia zilezile zilizokuwa zikivuma kwa wazungu, bila kupaka masizi usoni, bila kucheza ngoma za kuchekesha wenye nyumba. Madame X, Dr. Jekyll and Mr. Hyde, kazi za namna hiyo. Mwaka 1923, na kundi jingine, Ethiopian Art Theatre, aliigiza Salome wa Oscar Wilde, Chicago kisha Broadway. Ziara hiyohiyo ya Broadway ndiyo iliyoleta pia The Chip Woman's Fortune ya Willis Richardson, tamthilia ya kwanza isiyo ya muziki ya mwandishi mweusi kufika pale. Mwaka uliofuata aliolewa na mwigizaji mwenzake wa Lafayette, Edward Thompson. Aliimba vilevile, na kuna nyakati aliyempigia ala nyuma alikuwa Duke Ellington, kabla dunia haijamjua.

Halafu 1926 ikaja Lulu Belle. David Belasco, mzalishaji mkubwa wa Broadway, aliandaa tamthilia kuhusu mrembo mweusi wa Harlem. Jukwaa lilijaa waigizaji weusi. Mhusika mkuu mwenyewe, Lulu Belle, akapewa Lenore Ulric, mzungu, aliyejipaka rangi. Preer alipata nafasi ndogo, na pia alikuwa mwigizaji wa akiba wa Ulric. Nimeirudia sentensi hiyo kichwani mara nyingi. Mwanamke mweusi aliyeshacheza Salome anakaa nyuma ya pazia, amekariri maneno yote, akingoja mzungu augue ili yeye acheze mwanamke mweusi. Sidhani kuna mwandishi wa vichekesho angethubutu kuibuni.

Mwaka 1927 alikuwa katika Rang Tang, mchezo wa muziki kuhusu vinyozi wawili wenye madeni wanaoiba ndege na kuruka kwenda Afrika kusaka almasi. Hii nayo nataka tuitaje, kwa sababu huwa tunapenda kudhani kwamba wasanii weusi wa Marekani walituona vizuri kuliko wazungu walivyotuona. Afrika ya Rang Tang ilikuwa Afrika ya wafalme, mapori na hazina, iliyouzwa Broadway na watu weusi kwa watazamaji wenye pesa. Kila mtu anauza alichonacho. Kama huna sauti ya kwako, unauza pori la mwenzako. Mwaka huohuo Preer aliandika makala katika gazeti la watu weusi la Pittsburgh Courier kuhusu misisimko aliyoipata kwenye sinema. Kwa hiyo aliandika pia, jambo ambalo wanaomtaja kama sura tu hulisahau.

Kuhusu sauti. Mwaka 1929 sinema ilikuwa imeshaanza kuongea, na kampuni ya Al Christie ya Hollywood ikatengeneza filamu fupi za vichekesho zenye waigizaji weusi watupu. Moja yao ni Melancholy Dame. Imebaki, unaweza kuitazama, na humo ndimo utamsikia Evelyn Preer. Anacheza Jonquil, mke anayemwonea wivu mwimbaji wa kilabu cha mumewe; mume ni Edward Thompson, mume wake wa kweli. Hadithi ilitoka kwa Octavus Roy Cohen, mzungu wa kusini aliyejipatia jina kwa kuandika vichekesho vya watu weusi wanaotumia maneno makubwa vibaya. Majina ya wahusika yenyewe ni kejeli: mume anaitwa Permanent Williams. Kiingereza wanachoongea ni kile ambacho Cohen alidhani weusi wanaongea, kimepindwa na kukunjwa ili mzungu acheke.

Basi fikiria. Mwanamke aliyeongea Kiingereza cha Wilde Broadway, aliyefundishwa na Lafayette kutamka kila silabi ifike siti ya nyuma, anapata hatimaye kipaza sauti, kitakachohifadhi sauti yake miaka mia, na anapewa kuongea kwa lafudhi ambayo si yake. Sauti tuliyobaki nayo ni hiyo.

Watu hukasirika hapo, na mimi nilikasirika, kisha nikaitazama tena. Preer ni mcheshi. Hilo halionekani kabisa katika Within Our Gates, na lingeweza kutupita. Ana namna ya kumwangalia mumewe kama mtu anayesoma risiti aliyoikuta mfukoni mwa koti. Anaupa wivu wa Jonquil heshima kidogo, kiasi kwamba mara kwa mara unasahau kucheka pale Cohen alipotaka ucheke na unacheka mahali pengine, pamoja naye. Je, huo ni upinzani? Wasomi wa filamu hupenda neno hilo, kila mtu ni mpinzani kwa siri. Mimi nitakuwa bahili zaidi. Nadhani ni mtu anayejua kazi yake aliyepewa maandishi mabovu na akafanya alichoweza ndani ya dakika zilizokuwepo. Wakati mwingine ufundi haubadilishi maana ya kitu. Filamu inabaki kuwa kejeli, na yeye anabaki kuwa mzuri ndani ya kejeli.

Hii si habari ya zamani, na msinifanye niseme kama mwalimu. Washa runinga yetu jioni. Mhusika mkuu anaongea Kiswahili sanifu au Kiingereza cha shule ya kulipia. Soja wa geti anatoka magharibi na l na r zake zimepigana. Mboch ana lafudhi ya kwao na ndiyo kazi yake yote, kuwa na lafudhi. Ninawajua waigizaji waliofunzwa vizuri, waliocheza tamthilia nzito jukwaani, ambao kwenye usaili huulizwa kwanza kabisa, "Unaweza kufanya ile sauti?" Wanaweza. Wanalipwa kwa hiyo. Na ile nyingine, waliyosomea, hakuna anayeirekodi. Kwa hivyo ninapoitazama Melancholy Dame siioni kama aibu ya Marekani ya 1929. Naona orodha ya malipo ninayoifahamu.

Baada ya hapo Hollywood ilimpa makombo. Alikuwa na nafasi ndogo katika Ladies of the Big House ya 1931, filamu ya gereza ya Sylvia Sidney, na nyingine ndogo zaidi katika Blonde Venus ya Josef von Sternberg, 1932, filamu ya Marlene Dietrich. Ukipepesa umempita. Huku nyuma Lafayette Players walikuwa wamehamia Los Angeles mwaka 1928, Lincoln Theatre, Central Avenue, na pale alicheza Sadie Thompson katika Rain, mhusika ambaye Hollywood wakati huohuo ilikuwa ikimpa Gloria Swanson na baadaye Joan Crawford. Waliomwona walisema alikuwa hatari. Hakuna kamera iliyokuwepo. Maili chache tu kutoka kiwanda kikubwa kuliko vyote vya sinema duniani, na hakuna kamera.

Aprili 1932 alijifungua binti. Novemba mwaka huo akafa kwa nimonia ya mapafu yote mawili, akiwa na miaka 36. Lafayette Players nao wakafika mwisho mwaka uleule.

Mtoto aliitwa Edeve, Edward na Evelyn wakaunganishwa. Alikua, akawa mtawa wa Kifransisko, Sista Francesca Thompson, na akaenda Chuo Kikuu cha Michigan kusomea tamthilia. Tasnifu yake ya uzamifu ya mwaka 1972 ilikuwa kuhusu Lafayette Players. Alikuwa na miezi michache mama yake alipofariki. Hakuwa na kumbukumbu yoyote ya kuanzia. Within Our Gates ilikuwa bado haijarudi nyumbani. Alichofanya ni kuwatafuta waliokuwa hai, wazee na vikongwe waliocheza na wazazi wake, na kuandika walichosema kabla hawajaondoka nao. Sehemu kubwa ya tunachojua kuhusu kundi hilo inapitia kwake. Katika habari hii yote, huyu ndiye mhakiki ninayemwonea wivu. Alikuwa na kila sababu ya kuandika wasifu wa mama, machozi na picha, na badala yake akaandika kuhusu kundi zima, nani alicheza nini, wapi, kwa pesa za nani.

Mwisho wa Within Our Gates hunisumbua kila mara. Daktari Vivian, yule wa mkoba, ameshasikia yote yaliyompata Sylvia. Anamwambia ajivunie nchi yake. Anataja askari weusi waliopigana Cuba, Meksiko, Ufaransa. (Vita hivyohivyo vya Ufaransa ndivyo vilivyotuachia sisi jina la Kariakor, kwa wabeba mizigo ambao wengi hawakurudi, na hakuna aliyetuambia tujivunie.) Halafu wanaoana. Baada ya moto ule, baada ya chumba kile, mtu anakupa hotuba ya uzalendo na pete. Wako wanaosema ni udhibiti uliomlazimisha Micheaux. Wako wanaosema aliamini. Kadi yenyewe imepitia Kihispania, kwa hiyo hata maneno ya daktari huwezi kuyaapia.

Ndiyo maana mimi siku hizi simsomi daktari pale mwisho. Filamu ni bure mtandaoni, haizidi dakika 80, bando la siku linatosha. Vumilia dakika za mwanzo, mkanganyiko wa wachumba utakupotezea muda, usijilaumu kama umewachanganya. Ukifika kwenye hotuba, acha kadi za maandishi zipite na umwangalie Preer anavyosikiliza. Ameketi, mwanamume anaongea, na uso wake haukubali wala haukatai. Nimesimamisha picha pale mara kadhaa. Hadi leo sijajua Sylvia anawaza nini, na nina hakika kabisa kwamba Preer alijua.